Mkopo wa nyumba wa miaka 20, wa miaka 10, au kujenga mdogo mdogo: hesabu tuliyoipiga Kigoma

Mdogo wangu na mumewe, walimu wote wawili, walikuja kwangu Gungu Jumapili moja na karatasi ya benki iliyokunjwa mara nne. Katikati ilikuwa na tarakimu moja iliyokolezwa: 640,415 kwa mwezi. Shemeji akaiweka mezani pembeni ya bakuli la migebuka. “Shemeji, wewe ndiye mtu wa mikopo. Hii si nafuu? Kwingine walitutajia laki saba.”

Nikaigeuza. Nyuma kulikuwa na picha ya familia inacheka mbele ya geti jeupe. Jumla ya pesa watakayolipa mpaka mwisho haikuandikwa popote.

Mimi nakaa dirisha la mikopo la SACCOS moja hapa mjini, mwaka wa 11 sasa, na swali hili naulizwa kwa sura nyingi. Karibu kila anayeuliza ameshaamua kwa kutazama rejesho la mwezi, kwa sababu ndivyo tunavyonunua kila kitu: unapima kama mfuko wa mwezi huu unaweza, basi. Lakini mkataba wa nyumba unaweza kuishi mpaka mtoto aliye darasa la kwanza leo naye aoe. Tukaondoa bakuli, tukachukua daftari la hesabu la mwanangu, tukazipanga njia zote kwenye kurasa mbili zinazotazamana. Naweka hapa tulichoandika, pamoja na maoni yangu, ambayo shemeji hakuyapenda yote.

Mkopo uleule, miaka tofauti

Tulichukua mkopo wa shilingi milioni 50 kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, inayopigwa kwenye salio lililobaki. Riba ya mikopo ya nyumba nchini kwa miaka ya karibuni imezunguka kati ya asilimia 13 na 19, kwa hiyo 15 sikuichagua kumtisha mtu.

| Miaka | Rejesho la mwezi | Jumla utakayolipa | Riba peke yake |
|---|---|---|---|
| 10 | 806,675 | 96,801,000 | 46,801,000 |
| 15 | 699,794 | 125,962,920 | 75,962,920 |
| 20 | 658,395 | 158,014,800 | 108,014,800 |
| 25 | 640,415 | 192,124,500 | 142,124,500 |

Anza na mistari miwili ya chini. Ukitoka miaka 20 kwenda 25, rejesho linapungua 17,980 kwa mwezi. Jumla inapanda kwa zaidi ya milioni 34. Yaani kwa kujipunguzia kila mwezi pesa ya kama mfuko mmoja wa saruji, unaongeza deni la kujenga nusu ya nyumba nyingine. Shemeji ana miaka 33. Mkopo wa miaka 25 ungemfikisha 58, amebakiza miwili kustaafu kwa lazima, bado anakatwa.

Kwa nini inakuwa hivyo? Tazama rejesho la kwanza tu. Milioni 50 kwa asilimia 15 ni milioni 7 na nusu kwa mwaka, ukigawa kwa 12 unapata 625,000. Hiyo ndiyo riba ya mwezi wa kwanza, na inachukuliwa kabla deni halijaguswa. Kwenye ule mkopo wa miaka 25 unalipa 640,415, riba inameza 625,000, kinachopunguza deni ni 15,415. Mwezi wa pili riba inashuka kwa mia moja na tisini na kitu. Ndiyo kasi yenyewe hiyo.

Mdogo wangu akaomba kikokotoo, akarudia mwenyewe. Ikatoka vilevile. Akaguna.

Nikamwonyesha kingine ambacho watu hukigundua mwaka wa tano, wanapokwenda kuulizia salio ili walimalize. Kwenye mkopo wa miaka 20, ukilipa miezi 60 bila kukosa umeshatoa 39,503,700. Salio linasoma milioni 47 na kidogo. Umelipa karibu milioni 40, deni limepungua chini ya milioni 3. Nimeona watu wazima wakigombana na karani dirishani kwa jambo hili, wakiamini wameibiwa. Hawajaibiwa, riba ya salio ndivyo inavyokwenda: mwanzoni salio ni kubwa, kwa hiyo riba ni kubwa. Ila kuna mtu alipaswa kuwaambia siku ya kusaini.

Sasa linganisha mstari wa kwanza na wa tatu. Tofauti ya rejesho kati ya miaka 10 na 20 ni 148,280 kwa mwezi. Tofauti ya jumla ni milioni 61. Pesa hiyo ni zaidi ya mkopo mzima uliochukua.

Basi kwa nini watu wanachukua miaka 20?

Kwa sababu mshahara unawalazimisha. Mtumishi wa umma anatakiwa abaki na theluthi moja ya mshahara wake wa msingi baada ya makato yote. Tuchukue mshahara wa msingi wa 1,200,000. Makato hayaruhusiwi kuvuka 800,000. Ndani ya hizo toa PSSSF, yaani mfuko wa pensheni, asilimia 5, ni 60,000. Bima ya afya asilimia 3, ni 36,000. Kodi ya mapato 170,000. Bodi ya mikopo ya wanafunzi asilimia 15, ni 180,000. Chama cha wafanyakazi asilimia 2, ni 24,000. Jumla 470,000. Nafasi inayobaki ya kukopa ni 330,000.

Wakiwa wawili wenye mshahara kama huo ni 660,000. Rejesho la miaka 15 ni 699,794, halipenyi. La miaka 20 ni 658,395, linapenya kwa shilingi 1,605. Hapo ndipo ofisa mikopo anapotabasamu na kusema “tuongeze muda kidogo.” Hadanganyi, anakusaidia upite. Ila muda huo kidogo unalipiwa.

Kwenye orodha hiyo kuna kato moja lisilo la maisha: Bodi ya mikopo. Mdogo wangu amebakiza miaka mitatu kumaliza deni lake la chuo. Siku hiyo 180,000 zinarudi kwenye mshahara wake kila mwezi, na nafasi yao wawili inakuwa 840,000. Rejesho la miaka 10 linaingia humo na chenji inabaki. Watu wengi deni la Bodi likiisha husherehekea kwa pikipiki. Sina ubaya na pikipiki, lakini nafasi ile kwenye hati ya mshahara ni mali.

Kama mkopo wa miaka 20 mmeshauchukua, hiyohiyo ndiyo dawa. Ongeza 100,000 juu ya rejesho kila mwezi tangu mwanzo, mkopo wa miaka 20 unaisha kwa miaka 11 na miezi 8, na unaokoa karibu milioni 52. Ukianza kuongeza mwaka wa tatu au wa nne faida inapungua, ila bado ni kubwa. Sharti ni moja: benki ikubali kwa maandishi kwamba nyongeza inakwenda kupunguza deni la msingi. Nimeona mahali nyongeza inapokelewa kwa heshima zote, halafu inalala kwenye akaunti kusubiri rejesho la mwezi ujao. Hapo hujapunguza chochote.

Asilimia 9 inayolingana na 15

Hapa niliumia mwenyewe, kabla sijajua kazi hii. Nilikopa milioni 6 za kupaua kwenye taasisi moja ya mikopo, asilimia 12 kwa mwaka, miaka mitatu. Benki wakati ule ilikuwa juu ya hapo, nikajiona mjanja. Riba ilikuwa ya moja kwa moja, yaani inapigwa kwenye milioni 6 zote tangu siku ya kwanza mpaka ya mwisho, hata mwaka wa tatu ambapo nilikuwa nimebakiza milioni 2. Nililipa 226,667 kwa mwezi, jumla 8,160,000. Kwa kipimo cha riba ya salio ule mkopo ulikuwa wa zaidi ya asilimia 21. Nilipokwenda mwisho wa mwaka wa pili kutaka kuumaliza, nikadaiwa na riba ya mwaka ambao haujafika.

Kwa hiyo ukisikia milioni 50 kwa asilimia 9 ya moja kwa moja, miaka 10, fanya hesabu: milioni 4 na nusu mara 10, riba ni milioni 45, jumla milioni 95. Ile ya asilimia 15 ya salio kwa miaka 10 ilikuwa milioni 96.8. Ni karibu zilezile. Asilimia peke yake haisemi kitu mpaka ujue inapigwa kwenye nini. Swali la kumuuliza ofisa ni fupi: “Riba hii ni ya salio linalopungua au ya mkopo wote?” Akianza kuzunguka, mwombe jedwali la marejesho na utazame safu ya riba. Ikiwa tarakimu ni ileile kuanzia mwezi wa kwanza mpaka wa mwisho, umeshajibiwa.

Yale yasiyo kwenye rejesho

Benki kwa kawaida haikopeshi thamani yote ya nyumba, kwa hiyo kuna malipo ya awali ya kutoa mfukoni. Kuna ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, wakili, kusajili rehani. Mara nyingi baadhi hukatwa ndani ya mkopo wenyewe: unasaini milioni 50, zinaingia 48 na kitu, riba inapigwa kwenye 50. Kuna bima mbili, ya maisha ya mkopaji na ya nyumba. Tuseme bima ya nyumba ni 200,000 kwa mwaka, kwa miaka 20 ni milioni 4. Kodi ya majengo inayokatwa kwenye LUKU, yaani umeme wa kulipia kabla, na kodi ya pango la ardhi utalipa hata ukijenga mwenyewe, kwa hiyo hazibadilishi ulinganisho.

Kinachobadilisha ni riba yenyewe. Soma kama haibadiliki au inaweza kupandishwa. Ile ya miaka 20 ikipanda kutoka 15 kwenda 17 tangu mwanzo, rejesho linakuwa kama 733,400, na nafasi yetu ilikuwa 660,000. Ikishuka mpaka 13 linakuwa kama 585,800, unaokoa zaidi ya milioni 17. Ndiyo maana inafaa kuzunguka benki tatu au nne kabla ya kusaini, na hiyo kazi ya siku mbili pale mjini hailipwi vibaya hata kidogo.

Halafu hati. Mkopo wa nyumba wa benki unataka hati miliki. Ujiji na sehemu kubwa ya viunga vyetu watu wanakaa kwenye viwanja vya urithi au vya kuuziana mbele ya mwenyekiti wa mtaa, na karatasi ile, hata iwe na mihuri mitatu, haiwekwi rehani kwa mkopo wa miaka 20. Gharama ya kupima na kumilikishwa iweke kwenye ukurasa wako. Ni pesa ambayo hutaijutia kwa njia yoyote utakayochagua.

Kujenga mdogo mdogo

Huu ndio ukurasa wa kulia wa daftari, na ndiyo njia ya watu wengi Kigoma. Tanzania nzima mikopo ya nyumba haijafika hata asilimia 1 ya pato la taifa. Nyumba unazoziona Buhanda, Businde mpaka Mwandiga zimejengwa kwa mshahara, dagaa, mawese na subira.

Tuwape wale wawili pesa ileile ya mkopo wa miaka 20, yaani 658,395 kwa mwezi. Wanapanga kwa 150,000. Zinabaki 508,395 za ujenzi, karibu milioni 6.1 kwa mwaka. Nyumba ya milioni 50, kama bei zingesimama, ingeisha kwa miaka 8 na kidogo. Bei hazisimami, na saruji, nondo na bati zetu zinatoka mbali. Tukiweka vifaa na ufundi vinapanda asilimia 5 kila mwaka, ujenzi unakwenda miaka 10 na mwezi au miwili. Jumla waliyotoa ni milioni 80, ndani yake kodi ya nyumba ya kupanga ni milioni 18.

Milioni 80 dhidi ya 158. Kwa tarakimu hakuna mashindano.

Lakini ukurasa huu una uongo wake, na mimi niliyejenga hivi naujua. Kwanza unadhani zile 508,395 zitatoka kila mwezi kwa miaka 10. Mkopo unakatwa kabla mshahara haujakufikia, ujenzi unakusubiri uamue. Na kila mwezi kuna msiba, ada, mgeni kutoka Kasulu, ndugu aliyelazwa hospitali ya Maweni. Katika madaftari ya wanachama wetu, wanaojenga hivi husimama miezi mingi katikati, na boma linaota majani.

Pili, vitu vinaharibika. Nilifyatua tofali za kuchoma mwezi wa tisa mmoja, tanuri likachelewa kwa sababu kuni zilichelewa, mvua ya kwanza ya msimu ikazikuta mbichi chini ya nyasi. Asubuhi nilikuta tuta la udongo lenye pembe pembe. Karibu 2,000 zilikwenda hivyo. Mifuko sita ya saruji niliyoiweka stoo ya jirani ikaganda. Nondo mbili fundi alisema zilikatika vibaya. Ukijenga miaka 10, hesabu kwamba sehemu fulani utaijenga mara mbili.

Tatu, na hili shemeji alilishika kwa nguvu: mkopaji akifariki, bima ya mkopo inalipa deni na mke anabaki na nyumba yenye paa. Anayejenga mdogo mdogo akifariki mwaka wa nne anaacha kuta zilizofika kwenye lenta na ndugu zake wakizipimia macho. Hili halina tarakimu kwenye daftari, ila lina uzito. Anayechagua kujenga angalau akate bima ya maisha ndogo pembeni.

Kuna kinachopunguza makali upande huu. Watu hawasubiri nyumba iishe. Vyumba viwili vikipata bati na mlango, familia inahamia, madirisha yanazibwa kwa mabanzi, dari itakuja siku yake. Kodi inasimama siku hiyohiyo, na ile 150,000 inakuwa saruji. Ukihamia mwaka wa sita badala ya wa kumi umeokoa zaidi ya milioni 7 na umejenga haraka zaidi. Mama mwenye nyumba wenu anaweza kununa.

Njia ambayo haikuwa kwenye karatasi ya benki

Hii ndiyo ninayoipenda, na nilimwonyesha shemeji mwisho kabisa, chai ikiwa imepoa. Jenga kwa pesa yako mpaka karibu theluthi mbili ya kazi, kisha kopa kwa muda mfupi umalizie.

Kwa tarakimu zilezile: kazi ya milioni 30 ya leo, yaani kiwanja kilichopimwa, msingi, kuta na lenta, wanaimaliza kwa miaka 5 na nusu, wakilipa kodi yao kama kawaida. Kufikia hapo wametoa milioni 43 na nusu, kodi ikiwemo. Kazi iliyobaki, kupaua, plasta, milango, umeme, maji, leo ni milioni 20, wakati huo itakuwa imepanda mpaka kama milioni 26. Wanakopa hizo 26 kwa mkopo wa mshahara, tuseme asilimia 16 ya salio, miaka 5. Rejesho ni kama 632,000, linaingia kwenye nafasi yao ya 660,000. Jumla ya mkopo huo ni karibu milioni 38. Wanahamia mara moja, kodi inakoma.

Jumla ya jumla ni milioni 81 na kidogo. Wameingia kwenye nyumba iliyokamilika mwaka wa sita, na katikati ya mwaka wa 11 hawadaiwi na mtu. Anayejenga mdogo mdogo mpaka mwisho alitumia milioni 80 akaingia mwaka wa 11. Kwa nyongeza ya milioni moja na ushei umenunua karibu miaka mitano ya kulala kwako. Riba ya muda mfupi kwa kazi inayokuhamisha kwenye nyumba ya kupanga hainisumbui. Inayonisumbua ni ya miaka 20 inayoanza na kiwanja kitupu.

Tahadhari moja: mkopo wa mshahara una ugonjwa wa kuongezwa. Mwaka wa pili wanakupigia simu, “mwalimu, una nafasi ya kuongeza.” Ukikubali, ule mwanzo wenye riba nene unauanza upya. Nina mwanachama aliyeko kwenye “mkopo wa miaka 5” tangu mwanawe akiwa chekechea. Kijana yuko kidato cha tatu.

Na kama mtu anataka nyumba ya kununua, hana mkono wa kusimamia mafundi? Wapo, na sio wavivu. Wauguzi wa zamu, watu wanaohamishwa hamishwa. Kwao nasema wasubiri miaka mitatu kwanza. Wakiweka akiba zile 508,395 wanapata milioni 18.3. Nyumba ya milioni 50 itakuwa imefika kama 58, watakopa kama 40 tu. Kwa miaka 10 na asilimia 15, rejesho ni 645,340. Ukijumlisha akiba, kodi ya miaka mitatu na mkopo wote ni milioni 101, na inaisha mwaka wa 13. Dhidi ya milioni 158 na miaka 20 kwa kukimbilia sasa.

Ndugu zetu Waislamu wa Ujiji wasiotaka riba huniuliza kuhusu murabaha. Pale benki inanunua nyumba na kukuuzia kwa bei ya juu inayojulikana, unalipa kwa mafungu. Uzuri wake kwa ulinganisho huu ni kwamba jumla unaiona siku ya kwanza na haipandi. Iweke kwenye jedwali lilelile uilinganishe. Uliza tu ukilipa mapema bei inapungua au la, kwa sababu mliuziana bei moja na punguzo ni hisani ya muuzaji isipokuwa limeandikwa.

“Lakini shilingi inashuka”

Ndiyo hoja ya mwisho ya shemeji, na ni hoja ya kweli. Rejesho la 658,395 halibadiliki, mishahara inapanda, madaraja yanapanda. Kwa mfumuko wa bei wa asilimia 3, ambao ndio tumekuwa nao hivi karibuni, rejesho la mwaka wa 20 litakuwa na uzito wa kama 365,000 za leo. Wakopaji wa nchi zenye riba ya asilimia 3 au 4 huokolewa hivyo. Sisi riba ni 15 na bei zinapanda 3. Shilingi ingepaswa kuporomoka vibaya sana ndipo deni likusamehe, na ikiporomoka hivyo benki yenye riba inayobadilika nayo itapandisha.

Akanyamaza kidogo. Akauliza ikitokea wameshindwa kulipa je. Nikamwambia sheria inataka benki itoe notisi ya siku 60 kabla ya kuuza, na kwamba nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza. Mdogo wangu akasema, “Basi mimi ndiye sijaridhia,” tukacheka, ila alikuwa hatanii.

Jumatatu walirudi benki wakaomba vitu vinne: jedwali lote la marejesho mpaka mwezi wa mwisho, orodha ya ada zote kabla ya kusaini, kifungu cha kulipa mapema, na kifungu cha riba kubadilika. Jedwali walipewa, kurasa saba. Shemeji alinitumia picha ya ukurasa wa kwanza, ameizungushia duara ile 15,415.

Karatasi yenye geti jeupe sijui iliishia wapi. Jumamosi iliyopita walikuwa Buhanda na mpima, bikoni tatu za mpaka zimeonekana, wanaitafuta ya nne ndani ya shamba la mihogo la jirani.